Mama Mawese Aliyetafuta Mtani

Mama Mawese ndiye mtu pekee niliyewahi kumjua aliyeomba atukanwe. Wala si mzaha wa siku moja. Aliomba kwa miaka, kwa adabu zote, akianza na shikamoo. Na aliyemwomba ni baba yangu mzazi, mzee wa Kizaramo ambaye mdomo wake Madale nzima iliujua, aliyeweza kukutukana ukacheka mpaka ukaomba maji ya kunywa. Watu wote Baba aliwagawia matusi yake bila choyo. Huyu mama mmoja alimnyima. Nikikumbuka nachekaga peke yangu, halafu nafuta macho, halafu nacheka tena.

Tulimwita hivyo kwa sababu ya biashara yake. Meza yake ilikuwa pale barabara inapoanza kupanda kilima ukitokea Wazo, na juu ya meza zilisimama chupa za mafuta ya mawese, mekundu kweli kweli, kila moja na kizibo chake cha gunzi la mahindi. Jina lake la ubatizo nililisikia mara moja tu, likisomwa na mchungaji kwenye harusi ya jirani, nami nikageuka kutafuta ni nani huyo. Alikuwa mfupi, mpana, mwenye mwendo wa haraka utadhani kaacha maji jikoni. Sauti yake ilikuwa ya chini, na Kiswahili chake kilinyooka kama cha kitabuni. Sie tukisema "mie siendagi huko," yeye husema "mimi huwa siendi." Wanafunzi wakipita wanamwiga, naye anawasahihisha.

Mafuta aliletewa na mwanawe wa pekee, dereva wa lori la Kigoma. Siku madumu yakifika ungedhani amekuja mgeni wa heshima. Anafungua dumu moja moja, ananusa, anachovya kidole, anafumba macho. "Hili limekamuliwa na mtu mwenye hasira," anasema. Au, "Hili la mjane, oneni lilivyotulia." Uzushi mtupu, lakini wateja walilipenda hilo, na mie nilikuwa wa kwanza kuuliza la mjane liko wapi. Asubuhi za baridi za mwezi wa saba, mafuta yakiganda, alizipanga chupa juani akawa anazigeuza huku akizisemesha kwa lugha ya kwao, midomo ikicheza. Ukikaribia, ananyamaza.

Na yeye mwenyewe hakuyala. Hata tone! Nyumbani kwake alipikia alizeti. Nilipomgundua nilimjia juu, nikamwambia Mama Mawese wewe ni sawa na muuza nyama asiyeamini nyama yake. Akacheka, akasema kila mtu ana kiasi chake alichoandikiwa cha mawese, na yeye chake alikimaliza akiwa mdogo. Sikuelewa, na sikuuliza.

Kabila lake tulilijua, au tulidhani tunalijua. Muha wa Kasulu. Aliyasema hayo kabla hujamaliza kuuliza, kwa pumzi moja, "Mimi ni Muha, wa Kasulu," halafu anabadilisha mazungumzo. Nani angemtilia shaka? Dar hii kila mtu katoka mahali. Wachaga wana maduka, Wapare wana nyumba, Wasukuma wana lori, na sie Wazaramo wenyewe wa hapa tumebaki na makaburi ya babu zetu katikati ya viwanja vya watu.

Kilichomuumbua ni mwiko.

Jirani yetu mmoja, fundi seremala mstaafu, Muha wa kweli, alifariki. Mama Mawese, kama mtu wa kwao, akaingia jikoni na wafiwa, kajifunga khanga kiunoni, anasimamia sufuria ya maharage, dumu lake la mawese kando. Sasa sie Wazaramo na watu wa bara waliokuja pwani kwa miguu enzi za mababu, Wanyamwezi, Wasukuma, Waha na wenzao, ni watani. Mtani akifa huendi kulia tu. Unaenda kuvuruga. Unaficha viatu vya waombolezaji, unakalia kuni wasipike, unamwiga marehemu alivyokuwa akitembea, unagoma kaburi lisichimbwe mpaka upewe kuku. Na mfiwa haruhusiwi kukasirika. Anakujibu, anakutukana na yeye, na katikati ya kilio anajikuta anacheka. Ndiyo kazi yake utani, kumzuia mtu asizame.

Baba siku hiyo alifika akiwa kwenye ubora wake. Akakalia kuni. "Leo hapa hakupikwi," akatangaza. "Marehemu kala vya kutosha akiwa hai, mpaka mihogo ya shambani kwangu kala." Wanawake wakaangua kicheko, mjane mwenyewe akamjibu, "Mihogo yako ilikuwa michungu, ndiyo iliyomuua!" Mambo yakawa matamu. Baba akanyanyuka, akalibeba dumu la mawese, akaanza kuondoka nalo, anachechemea na mguu wake mbovu, anaangalia nyuma akitegemea kufukuzwa kidogo.

Akafukuzwa.

"Mwiziii! Mwizi wa mafuta!"

Jamani, hakusema kwa mzaha. Alipiga ukelele kutoka tumboni. Akamkimbilia Baba na ule mwiko wa ugali, akamshushia mgongoni paa! Baba akapiga magoti kalikumbatia dumu. Na Dar es Salaam hii neno hilo halitamkwi ovyo. Vijana wa bodaboda pale njia panda walishainama kuokota mawe, mmoja yuko mbio anakuja. Nilijirusha juu ya baba yangu. Wanawake wote wanapiga kelele, "Mtani! Ni mtani! Jamani ni mtani!" mpaka vijana wakaelewa, wakatupa mawe chini huku wamenuna.

Mjane akamtazama Mama Mawese, akamuuliza taratibu kabisa, "Dada, kwani nyie huko Kasulu hamna watani?"

Wanawake wote wakamgeukia. Muha gani asiyemjua mtani? Mama Mawese aliutua mwiko, akafungua khanga kiunoni, akajitanda nayo, akaondoka. Dumu aliliacha mikononi mwa Baba.

Siku tatu meza yake haikutoka. Siku ya nne Baba akanituma nimrudishie mafuta yake. Mgongo ulikuwa bado unamuuma, lakini hasira hakuwa nayo, alikuwa akimsimulia kila mpita njia jinsi mwiko ulivyompata vizuri. Nilimkuta Mama Mawese kakaa kitandani na mkoba mapajani, kafungasha. Nikamwuliza safari ya wapi. Akasema hajui, popote.

"Mama, kwa sababu ya mwiko?"

"Mwanangu, mimi si Muha." Alitazama mlango kwanza. "Mimi ni Mrundi."

Basi akanieleza, na alipoanza hakuweza kuacha. Kwao kulipochafuka alikuwa mtoto wa kubebwa kwa zamu. Walitembea, wakavuka mto, wakatembea tena. Chakula kilikuwa mihogo mibichi na mawese baridi, asubuhi mawese, jioni mawese, mpaka akawa anayatapika. Mama yake aliishia njiani. Wakapelekwa kwenye makazi huko upande wa Tabora, wakafyeka pori, wakalima, wakaishi wenyewe kwa wenyewe mpaka akazeeka nusu. Alipokuja Dar kumfuata mumewe aliyekuwa kibarua, hakuwa na karatasi. Mtu wa kwanza kumuuliza kabila akajibu Muha, kwa sababu lugha zinasikilizana. Baadaye uraia ukatoka, wa halali kabisa. Lakini uongo ulishazaa, ulishakuwa na wajukuu, angeanzia wapi kuukana?

Akanionyesha ile karatasi ya uraia. Kwani nilikuwa siijui? Kila mtu aliijua. Ilikuwa ukutani ndani ya fremu, imegandishwa plastiki, kati ya kalenda na picha ya Yesu, na hata fundi bomba aliyekuja kuziba koki alionyeshwa. Sisi tulidhani ni cheti cha ndoa, Kiingereza chake hakuna aliyesumbuka kukisoma.

"Karatasi ninayo," akasema. "Mtani ndiye sina."

Nikacheka, nikidhani anatania. Hakuwa anatania. "Mama yangu alizikwa kando ya njia na watu wanne. Hakuna aliyesema neno. Tukaondoka. Mume wangu kazikwa hapa Wazo, watu wa kanisani wakaimba vizuri, wakala, wakakunja viti. Hakuna aliyemcheka. Sikuelewa kilichopungua mpaka juzi, nilipomwona yule mjane anacheka na machozi yanamtoka. Mtu asiyechekwa siku yake, nani atajua kwamba aliishi hapa? Mimi nataka siku yangu mtu aje aniharibie msiba."

Nilimfungulia mizigo yake kwa mikono yangu. Sikumwuliza ruhusa.

Kesho yake asubuhi akaja barazani kwa Baba, kavaa gauni la kanisani. Akapiga goti. "Shikamoo Mzee. Nimekuja kuomba msamaha wa mwiko, na nimekuja kuomba utani." Akamweleza yote, na Urundi wake.

Baba alimsamehe palepale, na Urundi hakuujali kabisa. Lakini utani? Akaweka kikombe cha chai chini. "Mama, utani hauombwi. Si kiwanja kwamba unakuja na shahidi tunaandikiana. Utani umetoka kwa babu. Babu zao walikuja kwa miguu, wamebeba mizigo ya watu, wana njaa, wakaiba mihogo ya babu zetu. Babu zetu wakawacheka. Wengine wakafia hapa, mbali na kwao, hakuna ndugu wa kuwazika, babu zetu wakawazika. Na wetu waliokwenda huko bara wakafia huko, wakazikwa na wao. Ndipo ukaja utani. Sasa wewe nitakuanzishia mie kama nani?"

Mama Mawese alikuwa bado kapiga goti. "Mzee," akasema, "hiyo si hadithi yangu uliyosimulia?"

Baba akakishika kikombe chake, akakiacha palepale.

"Mimi sikutembea? Sikuja na njaa? Sikuzika mtu njiani? Tofauti yangu na hao ni mihogo tu. Nionyeshe shamba lako nikaibe."

Mie nilipiga makofi! Nilishindwa kujizuia. Baba akanikata jicho. Akasimama. Mlangoni akageuka. "Shamba lipi, Mama? Shamba limekwisha. Mikorosho imekatwa, tumebaki na ua huu. Kila aliyekuja tumempa. Hiki kimoja niachieni."

Hapo makofi yangu yakaisha, maana ilikuwa kweli. Tokea pale barazani, zamani ulikuwa unaona shamba la babu mpaka bondeni. Sasa unaona mageti. Baba aliuza kipande kimoja kwa ada ya shule yangu, kingine kwa ugonjwa wa mama, vingine hata sijui vilikwendaje, na kila jirani mpya alimtania na kumkaribisha kwa mdomo mtamu, huku moyoni anahesabu miti yake. Sikuwahi kufikiri kwamba mzee wangu naye kahamishwa, tena bila kusogea hata hatua moja.

Mama Mawese hakukata tamaa. Kama Baba hatoi utani, basi atauchokoza mpaka utoke wenyewe. Kila asubuhi akielekea kwenye meza yake alipita barazani kwetu na tusi moja. Na alikuwa hajui kutukana! Siku ya kwanza alisimama wima kama anayesoma risala. "Shikamoo Mzee. Wewe ni mvivu. Samahani." Baba, kwa upole wote, "Marahaba, Mama, habari ya asubuhi." Jioni yake akatuma chupa ya mawese ya kuomba radhi.

Nikamwambia Mama Mawese, mtani haombi radhi, ukiomba radhi umeharibu. Akaanza kuja kwangu kama anayekuja tuisheni. Namfundisha, anarudia, anakosea. Siku moja akamwambia Baba, "Mzee, mguu wako umevimba, naona utakufa karibuni." Nikamvuta pembeni. Mama, ule mguu ni kweli umevimba, utani unataka uongo. Siku nyingine akampokonya bakora yake. Hii nilimsifu, kupokonya ndiyo kwenyewe. Akakimbia nayo hatua kumi, akasimama, akaifuta kwa khanga, akairudisha kwa mikono miwili. Nilitamani nizimie.

Lakini alijifunza. Polepole akaanza kuwa mkali. Alimwita Baba mlinzi wa viwanja asiye na kiwanja. Aliwaambia wateja wake kwamba Mzaramo akiamka anauliza ngoma iko wapi kabla hajauliza chai. Watu wakawa wanapitia kwenye meza yake kusikia la leo, hata wasionunua mafuta. Na Baba? Anasikiliza, mabega yanatikisika kwa kicheko anachokibana, kisha anamwita "Mama" na kumuuliza habari za mwanawe. Heshima tupu. Sikujua kabla ya hapo kwamba heshima inaweza kumtesa mtu. Mama Mawese alikuwa akiondoka pale kainamisha kichwa.

Msimdhanie alikuwa malaika. Wakimbizi wapya aliwasema vibaya kuliko Mtanzania yeyote. Akisikia kuna familia imefika mtaani kutoka kwao au kutoka Kongo, anasonya, "Wamejaa hao, hawana mpango." Halafu ukipita kwake mchana unawakuta wamekaa mkekani, wanakula, watoto wamekogeshwa wanameremeta kwa mafuta. Alikuwa na mafundisho yake kwao, na mie nilibahatika kuyasikia siku moja akimwambia binti aliyefika wiki hiyo. Moja, jifunze kusema "jamani" mahali sahihi. Mbili, usile ovyo kwa watu mpaka ukaribishwe mara tatu. "Na usijiite Muha," akamalizia kwa ukali. "Mchana watakuamini. Msibani watakukamata."

Aliwaonea wivu pia, nadhani. Wale walikuja na simu, wanapigiana na ndugu, wanajua nani yuko hai. Yeye alikuja na jina la mama yake tu.

Baba alilazwa miezi michache iliyopita, akarudishwa nyumbani, akawa halali wala haamki. Mama Mawese alikuja kila siku na uji. Hakumtukana tena, alisema mgonjwa hatukanwi. Siku moja nilimsikia Baba akimwambia, kwa sauti iliyokwisha, "Ahsante, Mama, Mungu akulipe." Mama Mawese alitoka nje na bakuli, akasimama uani, akaniambia, "Hata sasa, heshima tu?" Nikampokea bakuli.

Alfajiri ya Jumatano Baba akatutoka.

Kufikia saa nne nyumba ilikuwa imejaa. Ndugu wametoka Temeke, wametoka Tabata, wametoka Kisarawe. Na ulikuwa msiba wa kimya, kimya cha kutisha. Watani wetu wa urithi walikuwa wapi? Wale wazee wa Kinyamwezi waliokuwa wakimkimbiza Baba na fimbo wamekufa mmoja mmoja, watoto wao wamehama, wengine wametuma rambirambi kwenye simu. Alikuja mmoja tu, mzee wa Tabata, akakaa kwenye kiti cha plastiki chini ya turubai, mikono magotini. Labda alimngoja mwenzake wa kuanza naye. Baba yangu, aliyevuruga misiba ya nusu ya mji huu, anazikwa kama ofisa wa serikali! Niliona haya. Nililia kwa ajili ya kifo, lakini nililia pia kwa hasira ya ule ukimya.

Mchana wakamswalia. Wanaume wakaingia kubeba jeneza, wanawake tumejazana ukumbini, baba mdogo yuko mbele. Mlango ukafunguliwa.

Mlangoni kasimama Baba.

Naapa niliona Baba. Koti lake la suti la kijivu, lile lililokuwa likining'inia kwenye msumari chumbani, kofia yake ya viua imelalia sikio la kushoto, mguu mmoja unaburuzwa. Akakohoa kikohozi chake kabisa, kile cha kutafuta umakini wa watu. "Nyie!" akanguruma. "Mnanipeleka wapi na jua hili? Nani kasema nimekufa? Nimelala kidogo, nikiamka mtakuwa mmeshauza na ua!"

Shangazi yangu mmoja alipiga yowe. Mwingine, nyuma yangu, akacheka, akajiziba mdomo, kikamtoka tena. Mie nikafuta macho, nikatazama tena. Ni Mama Mawese, koti limemfika magotini, uso mkavu, jasho linamtiririka. Akajibwaga chini akaketi, miguu kainyoosha, kaujaza mlango wote.

"Hatoki," akasema, sasa kwa sauti yake. "Miaka tisa namtukana huyu mzee, hajanirudishia hata tusi moja. Hatoki hapa mpaka nitukanwe."

Baba mdogo alisimama kaduwaa, jeneza liko begani. "Mama, tafadhali, maiti haicheleweshwi..." Akaanza na tafadhali! Nilimwona Mama Mawese macho yakimlegea. Ile "tafadhali" ilimchoma. Alikuwa ameweka kila kitu pale mlangoni, mbele ya ukoo mzima, na kama tungemnyanyua kwa mikono miwili na kumpa pole, angekuwa mwendawazimu aliyeingilia msiba wa watu, na meza yake asingeitoa tena. Alijua. 

Sijui nguvu nilizitoa wapi. Niliwasukuma shangazi zangu nikasimama juu yake.

"Toka mlangoni, Mrundi we!"

Ukumbi wote ukavuta pumzi. Hakuna aliyewahi kumwita hivyo mbele za watu. Yeye akainua uso.

"Umetembea kote huko, umevuka mito, kuja kuziba mlango wa watu wenye kazi zao? Kwenu hakuna milango? Mwizi wa makoti! Mpika uji mbovu, uji wako ndio uliommaliza baba yangu! Hilo koti limekukataa, unafanana na gunia lililovaa kofia. Na siku yako, sikia, siku yako sie Wazaramo tutakuja wote. Tutakula wali wako kabla haujaiva. Tutawaficha wachungaji wako viatu. Tutakupitisha dirishani, mlango hatukupi!"

Huko nje, yule mzee wa Tabata alikuwa ameshasimama. "Na kuku!" akapaza sauti. "Mkumbushe kuku! Huyu tutamla na kuku!" Turubai zima likaripuka. Baba mdogo anacheka na machozi, jeneza linatikisika, wanaume wanaambiana shikilia vizuri. Mie nilikuwa nalia kwa sauti, nacheka kwa sauti, sijui kipi ni kipi.

Mama Mawese hakucheka. Alikuwa ananitazama usoni kama mtu anayesomewa majibu ya hospitali.

"Mtakuja kweli?" akauliza.

"Tutakuja."

Akanyanyuka kwa kujishika kwenye fremu ya mlango, akasogea upande, akalibana lile koti kifuani kupisha jeneza. Baba akapita. Lilipompita kabisa, akanishika mkono, akaniinamia sikioni.

"Hata mvua ikinyesha?"

"Hata mvua ikinyesha," nikamwambia, "sura mbaya we."